Kilo 12 za Mama

Desemba moja nikiwa darasa la saba, Mama aliuza magunia 20 ya mahindi nyumbani kwetu Njoro, upande wa Nakuru. Tulikesha tukiyashona kwa shazia, kila gunia kilo 90 kamili.

Mnunuzi alifika na lori asubuhi. Alichota punje kutoka magunia kadhaa, akahesabu 100 juu ya ungo, kisha akatenga mabovu kwa ukucha. Yalikuwa sita, mepesi, yenye ukungu.

"Mama, mabovu ni asilimia sita. Nakata kilo sita kila gunia."

Mama akaitikia. Sita kwa sita, nani angebisha? Lakini muhula mzima mwalimu wetu alikuwa amekataa jibu lolote la asilimia lisilotaja ni asilimia ya nini. Asilimia sita ni sita katika kila mia, na gunia letu halikuwa la kilo mia.

Niliandika kwa kidole kwenye vumbi la mlango wa lori. Asilimia 10 ya 90 ni 9, kwa hiyo asilimia 1 ni 0.9. Mara sita, kilo 5.4. Nikarudia kwa njia ya darasani, 6 juu ya 100 mara 90. Ikatoka ileile.

Nilimvuta Mama leso, nikamnong'oneza.

"Una hakika?"

Nikamfanyia ya mzigo wote: asilimia 6 ya kilo 1,800 ni kilo 108. Mnunuzi alikuwa anakata 120.

Mama akawaambia wapakizi wasimame kwanza. "Kijana wangu, mtoto anasema ni kilo 108."

Yule mtu akatoa simu, akabofya, akafuta, akabofya tena. Kama alikosea au alikusudia, mimi simhukumu. Ninachojua ni kwamba Mama alipalilia shamba lile kuanzia alfajiri, miezi na miezi, na kilo 12 zake hazikuwa za kupotea hivi hivi. Alilipwa kilo 1,692.

Lori lilipoondoka aliingia ghalani na gorogoro. Alipima mahindi yetu ya kula, gorogoro moja kilo mbili, mpaka zikatimia sita ndani ya karai. Akachuchumaa akiyatazama, akazamisha mkono humo hadi kwenye kiwiko.

"Kumbe ni mengi hivi," akasema.