Dick Tiger alianza kwa kupigwa mara nne

Mwaka 1955 bondia kutoka Aba, mashariki mwa Nigeria, alishuka Liverpool kutafuta riziki ya ngumi. Jina lake la nyumbani ni Richard Ihetu, ulingoni Dick Tiger. Mapambano yake manne ya kwanza Uingereza alipigwa yote.

Manne! Hapa Manzese ninapofundisha, kijana akipoteza mawili tu promota hapokei tena simu yake, na yeye mwenyewe anaanza kuniletea habari za bodaboda. Inaniuma sana. Ndiyo maana jioni, tukiwa tunafunga bandeji mikononi, namtaja Tiger.

Hakurudi nyumbani. Alibaki kwenye baridi ile akijinoa, na Machi 1958, Liverpool hapohapo, akamtoa Pat McAteer kwa KO, yaani kumwangusha asiinuke kwa wakati, raundi ya 9 na kuchukua ubingwa wa himaya ya Uingereza, uzito wa kati. Oktoba 1962, San Francisco, akamshinda Mmarekani Gene Fullmer na kuwa bingwa wa dunia akiwa na miaka 33. Bondia wa umri huo hapa mjini tunamwita mzee.

Ninalolipenda zaidi ni la Ibadan, Agosti 10, 1963. Zamu hii Mmarekani ndiye aliyefunga safari kuja Afrika, na baada ya raundi ya 7 Fullmer hakutoka tena kwenye kona yake. Ubingwa wa dunia ulikuwa haujawahi kupiganiwa Nigeria.

Akaupoteza mkanda, akaurudisha, akaupoteza tena. Desemba 1966 akapanda uzito na kumnyang'anya José Torres ubingwa. Miaka 37!

Halafu vita. Tiger alikuwa Mwigbo, na Biafra, eneo la Waigbo mashariki mwa Nigeria, ilipojitenga alisimama nayo, akavaa sare ya jeshi lake. Aprili 13, 1968 Tanzania ya Mwalimu ikawa nchi ya kwanza kuitambua Biafra. Wiki sita baadaye, New York, Tiger alisimama mbele ya Bob Foster, jitu refu, akaangushwa raundi ya 4. Katika mapambano 82 ya maisha yake hakuna mwingine aliyemlaza kwa KO. Mimi sijui mtu anapandaje ulingoni huku kwao watoto wanakufa kwa njaa. Yeye alipanda.

Mwaka 1969 aliwarudishia Waingereza nishani yao ya MBE, kwa sababu waliiunga mkono serikali ya Nigeria katika vita ile. Akamalizia kama mlinzi wa jumba la makumbusho New York, saratani ya ini ikamkuta, akafariki Aba Desemba 1971.

Kama wewe ni bondia, tafuta mtandaoni mapambano yake na Fullmer. Acha kwanza kuangalia ngumi. Angalia miguu: anasogea hatua fupi fupi, kidevu chini, na konde la kushoto la kuzungusha linatoka akiwa tayari ndani ya mikono ya mwenzake.