Mikono ya Chapati, Meza ya Bologna

Aliyekulia Malindi hahitaji kupanda ndege ili ajue Mtaliano anakula nini. Piza na aiskrimu zao tumezikuta mjini, na wapo vijana wa ufukweni ambao Kitaliano kinawatoka vizuri kuliko Kiingereza cha shuleni. Kwa hiyo nilipokwenda Milano kumtembelea mdogo wangu, binti ya mama mdogo, akaniuliza nataka kuonyeshwa nini, sikutaja kanisa kubwa wala maduka ya nguo. Tambi za pakiti nimezila maisha yangu yote, za sukari na iliki, za mchuzi pia. Nilichotaka ni kumwona mtu akizianza kwenye unga, kisha na mimi niingize mikono.

"Basi hapa si pake," akasema. "Twende Bologna, dada. Huko ndiko wanakozijua."

Kwa treni ya kasi ni saa moja na dakika kidogo. Njia nzima ni bonde la mto Po, tambarare tupu, hata kichuguu hukioni, na ukitazama mashamba yale unaanza kuelewa chakula chenyewe. Kaskazini huku ngano yao ni laini, kwa hiyo unga huhitaji mayai ili ushikane. Kusini mwa Italia ngano ni ile ngumu, hukandwa kwa maji matupu na tambi zake hukaushwa. Spageti tunayonunua dukani kwetu ni ya ukoo huo wa kusini. Tulikuwa tunaifuata ya ukoo mwingine kabisa.

Tulishuka mvua ikinyesha, na mwavuli tuliuacha Milano. Haikutudhuru kitu. Bologna imejengwa hivi: ghorofa za nyumba zimetokeza juu ya njia ya waendao kwa miguu, chini zimeshikwa na nguzo, na mtu hutembea mtaa hadi mtaa bila kuloa. Wenyewe huziita portici. Ukiziunganisha mji mzima zinafika kilomita 62, na mwaka 2021 UNESCO iliziingiza katika orodha ya urithi wa dunia. Chuo kikuu chao huhesabiwa tangu 1088, na wanafunzi bado wamejaa chini ya nguzo hizo, sigara mkononi, wakibishana. Katikati ya mji ipo minara miwili ya matofali: Asinelli, yenye urefu wa zaidi ya mita 97, na mwenzake Garisenda, mfupi, ulioinama hadi unamtia mtu hofu. Tangu 2023 eneo lake limezungushiwa uzio, maana wanaogopa usije ukaanguka.

Tulipita Quadrilatero, vichochoro vya soko la zamani nyuma ya uwanja mkuu. Mortadella, soseji zao za nguruwe, nene kuliko paja la mtu, zinaning'inia, magurudumu ya jibini yamepangwa hadi darini, na katika madirisha ya maduka ya tambi wanawake wenye aproni wanakunja vipande vidogo vya unga bila kuvitazama. Mdogo wangu alitaka tukae tuwaangalie. Nilimvuta mkono, saa ya darasa ilikuwa imekaribia.

Hapa niseme jambo kwa anayefikiria kwenda. Madarasa ya tambi yamekuwa biashara kubwa Italia, na mengi ni tamasha: watu ishirini kwenye meza moja, mashine ya kuzungusha kwa mkono, picha, divai, kwaheri. Kama unataka kujifunza, tafuta la watu wachache, na uliza swali moja kabla ya kulipa: mnasukuma kwa mti au kwa mashine? La kwetu lilikuwa la mti. Lilikuwa nyumbani kwa mama mmoja mtu mzima, ghorofa ya tatu, jikoni. Yeye ni sfoglina, yaani mwanamke anayeishi kwa kusukuma sfoglia, lile shuka la unga na mayai linalozaa aina zote za tambi za pale. Tulikuwa sisi wawili, mume na mke Wajerumani, na kijana mmoja kutoka Kanada aliyepiga video kila kitu, hata sinki.

Nilikuwa nimemwandikia mapema kwamba sisi hatuli nguruwe. Si swali dogo Bologna. Nyama ya ragù yao, ile dunia inayoiita bolognese, ina ng'ombe pamoja na pancetta, ambayo ni nguruwe. Tortellini, zile ndogo za kwenye supu, hujazwa nguruwe ndani ya nguruwe. Signora, yaani Bibi, ndivyo tulivyomwita mwalimu wetu, alijibu kwa mstari mmoja: njooni, mtajaza tortelloni. Hizo ni kubwa zaidi, ndani ni jibini laini ya ricotta, na ni chakula cha pale tangu zamani, hakikubuniwa kwa ajili ya mgeni mwenye masharti. Hilo lilinifurahisha kuliko kupikiwa chakula cha pembeni.

Kipimo chao hakina siri: gramu 100 za unga kwa yai moja, na hapo unamlisha mtu mmoja. Mimi na mdogo wangu tuligawiwa gramu 300 na mayai 3. Maji hakuna, mafuta hakuna, chumvi inangoja sufuria. Unga ni ule waliouandika sifuri mbili, umesagwa laini mno, ukiushika unateleza. Unaumwaga kwenye ubao mkubwa wa mbao, unafanya shimo katikati, unavunja mayai humo na kuyapiga kwa uma, huku ukivuta unga kidogo kidogo kutoka ukuta wa ndani. Ukuta wa yule Mkanada ulibomoka na yai likakimbilia ukingo wa meza. Signora alilidaka kwa kipande cha bati cha kukwangulia, bila kukatisha hadithi aliyokuwa akitusimulia. Na viini vya mayai yenyewe! Rangi ya embe lililoiva. Akasema kuku wake hulishwa mahindi, na mayai hayo huuzwa kwa ajili ya tambi hasa, maana rangi ya sfoglia haitoki kwingine.

Kukanda nilidhani nakujua. Unga wa chapati huwa na maji ya uvuguvugu na mafuta, unakutii. Huu ni mkavu na mkaidi, unausukuma kwa sehemu ya chini ya kiganja, unaukunja, unauzungusha, unaurudia, na kwa muda mrefu unabaki na mikunjo. Baada ya robo saa ukabadilika wenyewe, uso ukawa laini na ukibonyeza kwa kidole unarudi. Tukaufunika kwa bakuli nusu saa, tukanywa kahawa.

Kisha ikaja kazi yenyewe. Kifimbo chao kinakaribia mita moja, hakina mishikio. Nikaanza kama nilivyofundishwa na mama yangu: gandamiza, zungusha, gandamiza, zungusha. Duara likanitoka safi kabisa, Wajerumani wakanitazama kwa heshima, na nikajiona. Signora akaja akasimama nyuma yangu.

"Wapi ulijifunza?" akauliza.

"Nyumbani, Signora. Kwetu tunasukuma mkate wa kikaangoni."

"Mikono unayo. Lakini unauponda. Uvute."

Akachukua kifimbo. Shuka likishakuwa pana kuliko ubao ulivyo, sehemu yake huachwa ining'inie ukingoni mwa meza, mpishi analibana kwa tumbo, na uzito wake wenyewe unalirefusha. Upande wa mbali analizungushia kwenye mti, viganja vyote viwili vinaanzia katikati na kuteleza kwenda nje, kulia na kushoto, huku mti ukisonga mbele. Kwa hiyo unga unanyooshwa pande mbili kwa wakati mmoja na haugandamizwi popote. Anaufungua, anaugeuza robo, anaanza tena. Sauti yake ni ile ya shuka linalokung'utwa, pa, pa, kila linapoanguka mezani. Mabega hayahusiki sana, ni nyonga na tumbo. Chapati inakufundisha duara na unene ulio sawa, na hizo zilinisaidia. Kuvuta nilikufundishwa pale, na kulikuja polepole, kwanza upande wa kulia tu.

Nilimwuliza kwa nini asitumie mashine, ingeokoa mgongo wake. Alinishika kidole akakipitisha juu ya sfoglia, kisha juu ya mlango wa friji. Mbao za ubao na za kifimbo huacha ngozi yenye mikwaruzo midogo, na mchuzi hushika hapo. Vyuma vya mashine vinaibana na kuisugua ikawa laini, mchuzi ukateleza. Ningesoma maneno haya mahali ningesema ni majigambo ya wazee. Kidole kilikubali.

Watu wa Bologna husema sfoglia iko tayari ukiweza kuiona San Luca kupitia kwake, yaani lile kanisa lililo juu ya kilima nje ya mji. Signora aliinua ya kwake dirishani. Kilima hakionekani kutoka jikoni mle. Tulichokiona ni mbao za kijani za madirisha ya jirani, na soksi zake zilizoanikwa. Ya kwetu ilionyesha kijani bila soksi.

Nusu tuliiacha ipoe na kukauka kidogo, hadi ikawa haigandi lakini haijavunjika. Ikakunjwa kama mkeka, ikakatwa kwa kisu kipana, zikatoka tagliatelle, tambi ndefu bapa. Juu ya upana wake hakuna utani. Tarehe 16 Aprili 1972 tagliatella ya dhahabu iliwekwa rasmi katika Chemba ya Biashara ya Bologna kuwa kipimo: ikishapikwa iwe milimita 8, ambayo wanasema ni sehemu moja ya 12,270 ya urefu wa mnara wa Asinelli. Ragù nayo iliandikishwa 1982. Mdogo wangu alicheka hadi akakaa chini, na Signora akamwambia acheke tu, lakini akate nyembamba zaidi, maana maji yatazinenepesha.

Nusu nyingine, ya tortelloni, haikungoja, kwa kuwa sfoglia ikikauka haifungiki. Miraba, kijiko cha ricotta na Parmigiano, jibini yao ngumu ya kukuna, na kungumanga aliyoikuna papo hapo kutoka kokwa zima. Nikamwambia kungumanga hiyo humea Unguja, karibu na kwetu. Akainusa tena kama anayehakikisha. Unakunja pembetatu, unatoa hewa, unaizungusha kwenye kidole, unabana pembe mbili. Mabaki ya pembeni hayatupwi: hukatwa ovyo na kuingia kwenye supu ya maharage.

Tambi mbichi hazikai jikoni. Dakika mbili tatu katika maji yanayotokota, basi. Wenzetu walimwagiwa ragù, sisi siagi iliyoyeyushwa na majani ya salvia, mmea wao wa harufu, na jibini juu. Kwa wenzangu wanaouliza sana: Parmigiano hugandishwa kwa kimeng'enya cha tumbo la ndama, na uchinjaji wake si wetu, kila mtu aamue. Mimi nilikula. Tagliatelle zile zina ladha ya yai na ngano hata kabla ya siagi, zinatafunika, na hazihitaji mchuzi mwingi. Mdogo wangu aliongeza sahani, kisha akaniomba ya kwangu.

Nimezijaribu Malindi tangu nirudi. Unga wa ngano wa dukani unafaa kabisa. Mayai lazima yawe ya kienyeji, ya kizungu yanakupa shuka jeupe lisilo na furaha. Kifimbo nilichongewa na fundi seremala wa mtaani, akaniuliza mara mbili kama nina hakika na urefu huo. Shida iliyobaki ni hewa ya bahari. Sfoglia ambayo Bologna ilikauka tukisimulia hadithi, huku kwetu mwezi wa tano inakaa mezani na unyevu wake mchana kutwa. Kwa hiyo msimu wa mvua natengeneza tortelloni, tagliatelle nazingojesha kaskazi.