Nilirudisha leja dukani, kumbe ni jicho

Machi mwaka jana nilirudisha kitabu cha leja kwenye duka nililokinunulia, hatua chache kutoka Mnara wa Saa hapa Moshi. "Mangi, kitabu hiki kimechapwa vibaya, hebu ona mistari ilivyopinda." Mwenye duka akakitazama, akakigeuza kichwa chini miguu juu, mwishowe akachukua rula ya mbao, akailaza juu ya mstari na kunisogezea bila kusema neno. Rula nayo niliiona imepinda katikati.

Nikachukua kitabu changu nikaondoka na aibu yangu. Kwenye hiace ya Kibosho nikaanza mchezo wa kufumba jicho moja moja. Nikifumba la kulia, dunia iko sawa. Nikifumba la kushoto, kila kitu kilichosimama wima, nguzo za umeme, fremu za maduka, hata kondakta mwenyewe, kina kiuno.

Mimi ni mhasibu wa chama cha msingi cha wakulima wa kahawa, na sukari ninayo mwaka wa 14 sasa. Miaka yote hiyo sikuwahi kupimwa nyuma ya jicho hata siku moja, kwa sababu nilikuwa naona. Mtu wa sukari anatakiwa aangaliwe retina, ule utando wa nyuma ya jicho unaopokea picha, kila mwaka hata kama anasoma maandishi ya kwenye kiberiti. Hilo niliambiwa nikiwa nimeshachelewa, nawaambia nyinyi kabla.

Hospitalini wakaniwekea matone ya kupanua mboni, wakapiga picha. Daktari, binti mdogo kuliko mwanangu wa kwanza, akanigeuzia kompyuta. Mtu aliyekulia huku mlimani hahitaji maelezo mengi pale: ilikuwa kama mfongo, ule mfereji wetu wa kumwagilia, umebomoka ukutani na maji yanaingia kwenye migomba. Sukari imelainisha vile vijishipa vya damu, vinavuja, na maji yamejikusanya kwenye makula, kile kipande kidogo cha katikati ya retina tunachosomea na kutambulia sura za watu. Ndiyo maana mistari ilipinda. Karatasi iliyolazwa juu ya tuta hainyooki.

"Mama, tutakuchoma sindano."

"Ya mkono?"

"Ya jicho."

Nikasema naomba kwenda msalani mara moja. Nilikwenda mpaka kituo cha daladala.

Kilichonirudisha wiki tatu baadaye ni mzee mmoja, mkulima. Tulikuwa tunatoa malipo ya pili, nikamwandikia kilo 38 badala ya 88. Hakugomba. Alirudi akasimama mbele ya meza yangu na stakabadhi zake, akasema tu, "Mama, hebu tazama vizuri." Ningeweza kumeza tusi kuliko neno lile.

Sasa niseme ilivyo, kwa kuwa watu wengi wamenipigia simu wakiuliza jambo moja: inauma?

Sindano yenyewe, kidogo sana. Nilisikia kama mtu ananibonyeza kwa kidole, basi. Kabla yake wanaweka matone ya ganzi zaidi ya mara moja, wanasafisha kope na jicho kwa iodini, wanakufunika uso kwa kitambaa chenye tundu, halafu wanaweka kijichuma kinachoshikilia kope. Wasiwasi wangu mkubwa ulikuwa kwamba nitapepesa. Huwezi kupepesa hata ukitaka. Unaambiwa utazame upande, na sindano inaingia kwenye weupe wa jicho, si kwenye mboni, milimita 3.5 hadi 4 kutoka ukingo wa lile duara jeusi. Huioni ikija. Dawa ni mililita 0.05. Wenzangu wa insulini watanielewa: ni kama yuniti 5 kwenye bomba la yuniti 100.

Muuguzi akaniambia, "Mama, hapa katikati tusiongee." Nilidhani ni ukali wa kazi. Kumbe mdomo una bakteria, na pumzi ya maneno, yako au ya daktari, inaweza kuwafikisha kwenye jicho. Nikasali Salamu Maria kimoyomoyo, sikuimaliza.

Baada ya hapo nikaona moshi ukizunguka ndani ya jicho, halafu duara jeusi likakaa chini na kuchezacheza nikitikisa kichwa. Niliogopa kweli. Ni kiputo cha hewa kilichoingia na dawa. Kinaelea juu ndani ya jicho lakini wewe unakiona chini, kwa sababu picha huingia kwenye retina kichwa chini. Kesho yake jioni kilikuwa kimeisha.

Kilichouma ni iodini. Jioni ile jicho liliwasha kama nimekata kilo mbili za vitunguu nikalifikicha kwa mkono uleule, na ukilifikicha kweli umekosa. Asubuhi nikaamka na doa jekundu la damu kwenye weupe, mume wangu akataka kuwasha gari. Doa lile ni kijishipa cha juu kimeguswa. Linatisha watu kanisani kwa wiki moja au mbili, halina kazi nyingine.

Cha kukimbizia hospitali ni tofauti na doa. Maumivu yanayopanda badala ya kushuka, jicho linalozidi kuwa jekundu, mwanga unaochoma, au kuona kunakofifia, hasa siku ya pili hadi ya tano, au vidoa vyeusi vingi vya ghafla na kama pazia linashuka upande mmoja. Maambukizi ya ndani ya jicho ni nadra, chini ya sindano 1 kati ya 1,000, lakini yakitokea yanahesabiwa kwa saa. Usingoje tarehe ya kliniki. Usiende duka la dawa kununua matone.

Wiki hiyohiyo shemeji yangu wa Arusha akapiga simu, sauti juu. "Shemeji, nimesoma hiyo dawa yako. Wamekuchoma dawa ya kansa!"

Sikulala. Safari iliyofuata nikamuuliza yule binti daktari, naye hakukataa. Dawa yangu ni Avastin, na ni kweli iliruhusiwa Marekani mwaka 2004 kwa ajili ya kansa ya utumbo mpana. Mwili una protini, wanaiita VEGF, inayotuma taarifa kwamba hapa iote mishipa mipya. Uvimbe wa kansa huitumia kujivutia damu. Kwenye jicho lenye sukari taarifa hiyohiyo inafanya mishipa ivuje na kuota ovyo. Dawa inaikata taarifa. Mwaka 2005 madaktari wa macho huko Miami wakaanza kuijaribu ndani ya jicho kwa dozi ndogo, miligramu 1.25. Ipo Lucentis iliyotengenezwa kwa ajili ya jicho hasa, bei yake ni ya juu mno. Mwaka 2011 utafiti mkubwa wa Marekani ukawalinganisha wagonjwa wa makula ya uzeeni kwa mwaka mzima na kukuta dawa hizo mbili zinalingana katika kuona. Mwaka 2013 Shirika la Afya Duniani likaiingiza hiyo ya bei nafuu kwenye orodha yake ya dawa muhimu. Kwa uvimbe wa sukari kama wangu, ikiwa jicho limeshashuka sana, utafiti wa 2015 uliona Eylea, dawa nyingine ya kuikata taarifa hiyo, ikitangulia mwaka wa kwanza. Nikauliza, nikajibiwa kwamba jicho langu halijafika huko.

Swali nililojifunza kuuliza ni lingine. Chupa ya Avastin imepimwa kwa ajili ya mgonjwa wa kansa, hivyo kwa macho hugawanywa kwenye mabomba madogo, na usafi wa kugawanya ndio ulinzi wako. Muulize daktari inagawanywa wapi na inakaa kwenye friji muda gani. Hakuna daktari mzuri atakayekasirika. Mwambie pia kama uliwahi kupooza au kupata shida ya moyo hivi karibuni, kama una mimba, au kama jicho linatoa tongotongo siku hiyo. Bei siandiki. Inabadilika, na mambo ya bima pia. Ulizeni dirishani kabla ya kupanga foleni, msiulize baada.

Na nenda umekula, umemeza dawa zako za presha. Mimi hubeba ndizi na chai ya thermos kwa kuwa foleni ni foleni. Nenda na mtu, maana mboni zikishapanuliwa jua la Moshi la saa saba linakupiga kama tochi.

Sasa sehemu yangu ya aibu. Nilichomwa Mei, Juni na Julai. Baada ya ya tatu mistari ilikuwa imenyooka, na nikimtazama kondakta hana kiuno. Agosti kahawa ikaanza kuja, mizani haipoi, nikasema nimepona. Nikaruka Agosti, nikaruka Septemba. Nilikuwa nimeambiwa vizuri kabisa kwamba dawa haizibi mishipa milele, inaikausha kwa wiki kadhaa tu, kwamba mwanzoni ni kila mwezi na baadaye, picha zikiwa nzuri, ndipo wanaanza kuachanisha tarehe. Niliyasikia kama mtu anavyosikia matangazo ya kanisani. Oktoba nikafungua leja, safu ya shilingi ikawa inaingia kwenye safu ya kilo.

Daktari hakunigombeza. Aliweka picha ya Julai na ya Oktoba pamoja, akaniacha nizitazame. Mfongo ulikuwa umebomoka palepale. Tukaanza upya, na baadhi ya nilichokipata Julai hakijarudi mpaka leo. Herufi ya mstari wa mwisho ubaoni bado naibahatisha. Sukari yangu nayo ilikuwa juu miezi ile, kwa sababu msimu wa kahawa mtu anakula anachokuta.

Nimeshachomwa mara 9 sasa. Rula ya mbao nimeinunua kwa yule Mangi, inakaa kwenye droo, na kila Jumatatu asubuhi kabla ya kufungua ofisi naitazama kwa jicho moja moja. Tarehe yangu inayofuata ni Alhamisi ijayo. Nimemwambia katibu wa chama kwamba siku hiyo malipo hayatafanyika. Akasema wakulima watalalamika.

Walalamike Ijumaa, nitakuwepo.