Mama yu hai, mimi niko mahakama ya mirathi

Mama mdogo alinipigia saa nane za usiku, kwao ikiwa mchana, analia. "Mbona mmenificha? Dada amefariki lini?" Nilikurupuka kitandani, maana mama nilikuwa namsikia chumba cha pili akikoroma. Kumbe bahasha kutoka California ilikuwa imemfikia, mjukuu wake akamsomea kichwa cha fomu: ombi la kuteuliwa konsaveta, mahakama ya mirathi. Hilo neno mirathi likamtosha.

Sikumlaumu. Mimi mwenyewe, wakili aliponiambia shauri letu litasikilizwa kitengo cha mirathi, nilimkumbusha mara mbili kwamba mama yu hai. Akacheka. California, mahakama inayogawa mali za marehemu ndiyo hiyo hiyo inayoshughulikia watu wazima walio hai ila hawawezi tena kujisimamia. Na sheria inataka watoto, wajukuu na ndugu wa tumbo moja wa mhusika watumiwe taarifa kwa posta siku zisizopungua 15 kabla ya shauri, hata walio ng'ambo. Kosa langu ni kwamba sikumpigia mama mdogo mapema.

Konsaveta ni mtu anayeteuliwa na mahakama kumsimamia mtu mzima aliyepungukiwa na uwezo. California vyeo viko viwili: konsaveta wa mtu, anayeangalia makazi, chakula na matibabu, na konsaveta wa mali, anayeshika pesa, bili na nyumba. Mimi niliomba vyote. Majimbo mengine ya Marekani hutumia majina tofauti, mengi yakimwita konsaveta yule wa mali tu, kwa hiyo ukimsikia rafiki yako wa jimbo jingine akieleza, usidhani ya kwake ndiyo ya kwako.

Tulifika huko kwa uzembe wetu. Mama alianza kusahau polepole, nasi tukawa tunasema ni uzee. Alipofikia kulipa bili moja mara tatu na kuacha nyingine kabisa, tukakimbilia hati ya uwakilishi, ile ya kumruhusu mtu mwingine atende kwa niaba yako, lakini hati hiyo huisaini mtu anayeelewa anachosaini, na wakati huo ulikuwa umeshatupita. Angeisaini miaka miwili nyuma, huenda nisingekuwa na haya ya kusimulia.

Siku iliyonikaa moyoni ni ile alipokuja mchunguzi wa mahakama. Alikuja na mkalimani, akaniomba nitoke, azungumze na mama peke yake. Nikakaa jikoni nikijifanya naosha vyombo. Kazi yake ni kumweleza mama kinachoombwa, kumuuliza kama anakubali au anapinga, na kumjulisha kuwa ana haki ya wakili wake mwenyewe. Baadaye niliisoma ripoti. Mama alikuwa amesema: "Huyu mwanangu ni mzuri, lakini anataka mimi niwe mtoto." Yaliandikwa hivyo hivyo, na jaji akayasoma. Niliona aibu, ila leo naona ilikuwa sawa. Watu wa huku wakisikia konsaveta humtaja mwanamuziki Britney Spears, aliyekuwa chini ya usimamizi huo tangu 2008 hadi 2021, baba yake akiwa msimamizi kwa muda mrefu. Kumnyang'anya mtu mzima maamuzi yake si jambo la kupitishwa mezani kama bili ya maji.

Kuteuliwa kwenyewe kulichukua dakika chache tu. Nikaapa, ikalipwa kutoka mali ya mama dhamana ya kuilinda nisije nikaitumia vibaya, nikapewa hati za uteuzi. Baada ya hapo nilikuwa na siku 90 za kuwasilisha orodha ya mali yake yote, nyumba ikithaminiwa na mthamini aliyechaguliwa na mahakama, si na mimi. Malipo yake ya Social Security, yaani mafao ya uzeeni ya serikali ya Marekani, yalikuwa na njia yake: hati za mahakama pekee hazitoshi, ilibidi niombe huko upya niwe mpokeaji kwa niaba yake.

Kisha ikaja adha ya risiti. Akaunti ya mama ni ya mama. Langu lisiingie humo hata kwa bahati mbaya. Wiki ya kwanza nilinunua dukani nepi zake na sabuni yangu kwa risiti moja. Mwanasheria alinitazama kama mwizi. Tangu hapo napanga mafungu mawili kaunta, foleni ikininung'unikia. Mwaka ulipoisha nikatakiwa kuwasilisha hesabu, zikapungua dola 22. Nilitafuta siku mbili nzima. Zilikuwa za kusukwa nywele, nilizolipa taslimu bila karatasi. Baada ya hesabu hiyo ya kwanza, nyingine ni kila miaka miwili.

Lakini lililonitesa zaidi lilikuwa mama mdogo. Miaka yote mama alimtumia pesa kila mwezi bila kukosa. Nami nikiwa konsaveta sina ruhusa ya kumpa mtu zawadi kutoka mali ya mama, hata kama ni ndugu yake na hata kama najua mwenyewe angetoa. Miezi mitano nilituma kutoka mfuko wangu, nikimwambia ni za dada yake. Ndipo wakili akanionyesha kwamba mahakama inaweza kuruhusu ziada ya kipato, baada ya mahitaji ya mama kutimizwa, igawiwe ndugu wa karibu ambao angewasaidia mwenyewe. Nilipeleka ombi pamoja na stakabadhi za zamani za kutuma pesa, mama alizokuwa amezifunga kwa mpira wa nywele ndani ya kopo la biskuti. Jaji alizipekua moja moja, akaidhinisha.

Nilipompigia mama mdogo kumweleza, akanyamaza kidogo. "Kwa hiyo sasa ananilipa hakimu wa Marekani?"

"Hapana mama, ni dada yako. Hakimu amekubali tu."

Jioni hiyo nilikuwa mezani nikipanga risiti, mama akaja akasimama nyuma yangu.

"Hizo hesabu za nani?"

"Zako, mama."

"Haya. Zihesabu tena."