Kati ya uthamini na malipo

Si rahisi kumpata mkazi wa Mbeya anayepinga upanuzi wa barabara kuu. Anayetoka Uyole kwenda Mbalizi asubuhi anajua jinsi malori ya Zambia na Kongo yanavyobanana na daladala na bajaji pale Mwanjelwa, na familia zilizopoteza watu kwenye mteremko wa Iwambi si chache. Kazi ya njia nne kati ya Nsalaga na Ifisi, kilometa 29, niliipokea kwa furaha kama wengine. Ninachoandika hapa hakiupingi mradi huo wala mwingine wowote unaopita katika nyanda hizi, uwe wa barabara, wa umeme au wa madini. Ninataka kuzungumzia jambo moja ambalo kwa maoni yangu halipewi uzito wake, nalo ni muda unaopita tangu siku mthamini anapohesabu mali ya mtu hadi siku fedha zinapoingia kwenye akaunti ya mtu huyo.

Kwa maandishi, sheria zetu si mbaya. Ibara ya 24 ya Katiba inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila fidia inayostahili, na sheria mbili za ardhi za mwaka 1999, ile ya jumla na ile ya vijiji, zinataka fidia hiyo iwe kamili, ya haki na ilipwe mapema. Kanuni za mwaka 2001 zikafafanua kinachohesabiwa: thamani ya ardhi na maendelezo yake, posho ya usumbufu, posho ya usafiri, kodi ya nyumba ya miezi 36 kwa anayepoteza makazi, na faida ya miezi 36 kwa anayepoteza biashara. Hayo ni mafanikio makubwa ukikumbuka kwamba chini ya Sheria ya Utwaaji Ardhi ya mwaka 1967 ardhi tupu haikulipiwa, bali kile tu ambacho mtu alikuwa amekiongeza juu yake.

Tatizo linaanza shambani. Anayepitiwa na mradi husimamishwa mbele ya nyumba au shamba lake, akashikishwa kibao chenye namba na kupigwa picha, huku mwenyekiti na mtendaji wa kijiji wakishuhudia. Miti huhesabiwa mmoja mmoja na kuandikwa kama ni mche, mti mchanga au mti unaozaa, maana bei hutofautiana. Kisha hutangazwa tarehe ya ukomo, ambayo baada yake chochote kitakachojengwa au kupandwa hakitalipiwa. Ninaelewa sababu yake. Wapo wanaosikia fununu za mradi wakapanda miti usiku kucha, na bila zuio hilo Serikali ingelipa mashamba yaliyoota juzi. Hata hivyo zuio linamfunga pia asiye na hila yoyote, na hakuna anayemlipa kwa ajili ya kufungwa huko.

Mjomba wangu ana shamba Rungwe. Mradi mmoja wa umma, ambao sitautaja, ulipopima eneo lake, parachichi zake za Hass zilikuwa miche iliyobebeshwa, inayofika magotini, na hivyo ndivyo zilivyoandikwa. Aliambiwa asiongeze kitu. Aliendelea kuzipalilia na kuzimwagilia, kwa kuwa hakuna mkulima anayeweza kuutazama mti ukifa kwa sababu ya karatasi, na malipo yalipofika, kabla ya mwaka wa pili kwisha, yalifika kwa bei ya miche, ilhali miti ilikuwa imeanza kutoa maua. Riba haikuwamo. Kanuni zinasema fidia isiyolipwa ndani ya miezi sita inazaa riba kwa wastani wa viwango vya amana za muda maalumu katika benki za biashara, na Sheria ya Uthamini ya mwaka 2016 inaupa uthamini wa fidia uhai wa miaka miwili tu, kisha urudiwe. Mjomba hakuijua kanuni ya riba, aliyemkabidhi hundi hakuitaja, na ile miaka miwili ilikuwa bado haijatimia. Kwa hiyo, ukiacha suala la riba, kila kitu alichotendewa kilikuwa halali.

Mfano mkubwa zaidi uko Ludewa. Mkataba wa kuendeleza makaa ya mawe ya Mchuchuma na chuma cha Liganga ulisainiwa mwaka 2011, na ni mwaka 2023 ndipo wananchi wa maeneo hayo walipoanza kulipwa fidia. Mtoto aliyezaliwa mwaka wa mkataba alikuwa amekaribia kumaliza shule ya msingi.

Mjini hali hiyo huonekana kwa rangi. Hifadhi ya barabara kuu, ambayo zamani ilikuwa mita 22.5 kila upande kutoka katikati ya barabara, iliongezwa hadi mita 30 kwa Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 na kanuni zake. Aliyekuwa ndani ya nyongeza hiyo huwekewa X ya kijani na hulipwa, kwa kuwa barabara ndiyo iliyomfuata. Aliyeifuata barabara hupewa X nyekundu na hujiondoa mwenyewe. Utaratibu huo unaeleweka, isipokuwa kwamba nyumba yenye X ya kijani haiuziki kwa bei yake, benki haiipokei kama dhamana, na mwenye nyumba haoni sababu ya kubadilisha hata bati linalovuja. Fundi aliyepanga chumba cha mbele ana hali ngumu zaidi, kwa sababu faida ya miezi 36 inadai hesabu, na yeye hesabu zake zimo kichwani.

Husemwa kwamba Serikali haiwezi kutenga fedha kabla ya kujua kiasi kinachodaiwa. Hoja hiyo ingekuwa na nguvu kama mkandarasi naye angesubiri hivyo. Yeye hupewa malipo ya awali kabla hajashusha mitambo, na hati yake ya madai ikichelewa kulipwa ana mkataba na mwanasheria wa kudai riba. Makadirio ya fidia yanaweza kufanyika wakati wa usanifu, pamoja na makadirio ya lami na makalavati, na fedha hizo zikawekwa kwenye akaunti maalumu kabla mthamini hajatumwa kijijini. Hapo uthamini na malipo vingetenganishwa na miezi michache tu.

Hadi hilo lifanyike, kuna jambo dogo lisilohitaji bajeti. Fomu ya uthamini anayosaini mwananchi iandikwe kwa Kiswahili tarehe ambayo riba itaanza kuhesabiwa, tarehe ambayo uthamini utakwisha muda wake, na ruhusa ya kuendelea kulima mazao ya msimu mpaka siku ya malipo, na nakala yake abaki nayo mwenye shamba.