Kabla hujashika kalkuleta, jiulize joto linaenda wapi

Maswali ya kutafuta joto na presha ya mwisho nayapenda sana aisee, na kinachoniuma ni kuona mwanafunzi mzuri tu anakimbilia fomula wakati hajajua hiyo gesi imefanywa nini. Chukua injini ya dizeli. Hewa inaingia kwenye silinda ikiwa Kelvini 300, yaani kama nyuzi 27, presha bar 1, halafu pistoni inaibana mpaka ujazo unapungua mara 18. Wengi watakwambia presha ya mwisho ni bar 18, si wamekariri kwamba presha mara ujazo haibadiliki? Hiyo ni sawa kama pistoni inapanda taratiiibu na joto linapata muda wa kutoka kwenye kuta za silinda, ila injini ikizunguka mara 2000 kwa dakika pistoni inapanda kwa sekunde 0.015 tu, joto litoke saa ngapi? Kazi yote ya pistoni inabaki kwenye hewa.

Hapo ndo inaingia gama, yaani uwiano wa joto mahususi la gesi presha ikiwa haibadiliki kwa lile la ujazo ukiwa haubadiliki, ambayo kwa hewa ni 1.4. Joto la mwisho ni 300 mara 18 kwa kipeo cha gama toa 1, yaani 0.4, inakuja kama Kelvini 953, yaani nyuzi 680! Presha ni 18 kwa kipeo cha gama yenyewe, 1.4, bar 57 hivi. Injini halisi inapata pungufu maana kuna joto linavuja, lakini bado ni kali kiasi kwamba dizeli ikipulizwa inawaka yenyewe bila plagi. Mimi hili huwa linanifurahisha kila nikilifundisha.

Kuhakiki ni rahisi, presha mara ujazo gawa kwa joto la Kelvini, mwanzo na mwisho lazima zilingane.

Tairi nalo lina mtego wake. Ujazo tuseme haubadiliki, upepo psi 30 kwa nyuzi 25, likakaa juani likafika 60. Geji inasoma kilichozidi presha ya hewa ya nje, kwa hiyo ongeza 14.7 kwanza, 44.7 mara Kelvini 333 gawa kwa Kelvini 298 unapata karibu 50, kisha toa ile 14.7, geji itasoma kama 35. Ukiacha nyuzi bila kuzigeuza Kelvini, ukatumia 60 kwa 25, geji inakuja kama psi 93, na tairi la gari dogo halifiki huko kwa jua.