Sikio juu ya kaburi la MGR

Chennai, kusini mwa India, usiku. Jioni nilikwenda ufukwe wa Marina kupunga upepo, nikaishia kwenye kaburi la M. G. Ramachandran, stelingi wa sinema aliyeingia siasa, ambaye watu wa hapa wanamwita MGR tu. Wageni wanainama mmoja mmoja, wanalaza sikio kwenye jiwe. Inasemekana saa aliyozikwa nayo mkononi bado inagonga. Mama mmoja aliinama pale kitambo, kafumba macho, hata nikaona haya kumtazama.

Nimekulia kwenye sinema za Kihindi, stelingi akitokea ukumbi mzima unalipuka kwa makofi. Mapenzi ya Watamil, watu wa jimbo hili la Tamil Nadu, yamepita hapo. Filamu mpya ikitoka, picha kubwa ya stelingi husimamishwa nje ya jumba la sinema, mashabiki wakapanda kuimwagia maziwa kama wafanyavyo kwa miungu yao.

MGR alizaliwa Kandy, Sri Lanka, mwaka 1917. Baba yake alifariki mapema, na dhiki ikamwingiza kwenye kikundi cha maigizo angali mtoto. Naamini siri iko hapo. Alipoigiza mvuta riksho, mkulima au mvuvi, maskini walimwona mwenzao, tena mwenzao asiyeshindwa. Januari 1967 mwigizaji M. R. Radha alimpiga risasi. Picha yake akiwa na bandeji shingoni ikasambazwa, akashinda kiti cha bunge la jimbo yuko kitandani. Mwaka 1977 akawa Waziri Kiongozi wa Tamil Nadu, na 1984 akashinda tena akiwa amelazwa New York!

Alipofariki Desemba 1987, wapo mashabiki waliojiua. Hilo linaniuma. Linaniuma pia la mji wa Karur, humu humu jimboni, Septemba 2025, ambako watu 41 walikufa kwenye msongamano wa mkutano wa Vijay, stelingi wa leo aliyeingia siasa. Walikuwemo watoto. Anayependwa kiasi hiki anabeba roho za watu, na waandaaji wake lazima wajue hivyo kabla ya kuwaita.

Ila siwezi kuwaita mashabiki hawa wendawazimu, kama nilivyosikia wengine wakisema. Vilabu vyao hugawa madaftari kwa watoto wa shule, na siku ya kuzaliwa ya stelingi wao hupanga foleni kuchangia damu. Mimi niko hapa kumuuguza mama mdogo, na juzi aliongezewa damu. Kesho nitauliza pale hospitali kama na mimi wataipokea yangu.